Matope Meusi Ndani ya Injini

Zima gari, fungua kifuniko cha oili, pitisha kidole ndani. Kikitoka na uji mweusi mzito, usikubali fundi amwage mafuta ya taa ndani ya injini eti anasafisha: vipande vitabanduka vizibe chujio la pampu, injini ikose oili. Mimi hapa Grogan, mtaa wa magereji Nairobi, hushusha sampu, yaani bakuli la oili chini ya injini, naiosha pamoja na lile chujio, natia oili na filta mpya, kisha nabadilisha tena baada ya kilomita 1,000. Gari la foleni ya Jogoo Road lisingoje kilomita 10,000 ndipo libadilishwe oili. Mwisho wake 5,000. Jumapili lipeleke Thika Road likimbie nusu saa, unyevu ukauke.

Kaboni inayoganda kwenye vali za injini za D-4, zile za Toyota zinazopuliza petroli moja kwa moja ndani ya silinda bila kupitia vali, ni kazi nyingine. Hapo manifoldi, njia ya kuingizia hewa, lazima ifunguliwe, na petroli ya bei ghali haitakusaidia.