Jinsi ya kuandika onesho la baba na mwana wasiosemezana

Juzi nilikaa na kijana wa kikundi chetu cha maigizo, hapa Wete, onesho la baba na mwana limemshinda. Tulifanya hivi.

Hatua ya 1: Ugomvi uwe mmoja. Wetu: mwana kauza gunia la karafuu kwa magendo, baba anajua na hajasema. Mtazamaji wa Pemba huhitaji kumweleza kwamba kisheria mnunuzi wa karafuu ni ZSTC, shirika la biashara la serikali ya Zanzibar, peke yake.

Hatua ya 2: Wape kazi ya mikono. Wachambue karafuu, makonyo, yaani vijiti vyake, upande wake.

Hatua ya 3: Maneno ya baba. Hapa mimi nilipoteza siku tatu. Katika mchezo wangu wa kwanza baba alisema, "Nisamehe mwanangu." Mzee aliyekuwa aigize akaweka karatasi chini: "Baba gani huyu? Mie sijapata kumuona." Nikaandika upya, nikaandika tena. Dawa ilikuwa kumpitishia maneno kwa mama, na mwana yupo papo hapo jamvini:

"Mwambie mwanao jamvi lile limeingia maji."
"Keshasikia."

Mwana hajibu, anavuta jamvi. Lakini mama asibebe kila kitu, mchezo utakuwa wake. Kama mama kafariki, mtumie mdogo wake mwana. Na mwana asimjibu baba yake kwa ukali. Hizo ni tamthilia za watu wengine. Wetu husema "Ndiyo baba," kisha hafanyi. Salamu nayo itumie: "Shikamoo baba," halafu marahaba ichelewe mpaka mama ageuke kutazama. Ukiandikia redio, ukimya mtupu haufai, msikilizaji atadhani mitambo imekatika. Weka sauti ya karafuu zikimwagwa. Na ile "nisamehe"? Baba wetu sasa anasema, "Pakacha lako lilifumuka. Nimelisuka." Yule mzee aliisoma mara moja, hakuuliza kitu.

Hatua ya 4: Andika kwa kalamu na daftari. Kompyuta inakufanya uandike maneno mengi. Rikodi usomaji kwa simu, usikilize peke yako usiku.

Hatua ya 5: Kata mstari wa mwisho. Kijana alikuwa kamwandikia mwana, "Ahsante baba, sasa nimekuelewa." Tuliufuta. Sasa mwana analichukua pakacha, analigeuza kutazama kitako, anatoka.