Ukiambiwa uzime antivairasi, hiyo kraki iache

Kompyuta ya mtumba, iwe umeipata Digo Road au Mwembe Tayari hapa Mombasa, ikague kabla hujatoa pesa. Fungua Command Prompt, andika slmgr /xpr, bonyeza Enter. Ikikutolea tarehe ya mwisho, andika slmgr /dlv. Ukiona KMSCLIENT, Windows hiyo imewashwa kwa njia ya makampuni yenye seva zao, na uwashaji mmoja hudumu siku 180. Kwenye mashine ya nyumbani, hapo mara nyingi kuna kraki, yaani kijiprogramu cha kuwasha softiwea ya kulipia bila kulipa, na aliyeipachika huenda aliacha na kingine.

Ukipakua mwenyewe, kraki utaijua kwa mavazi yake. Huja ndani ya zipu yenye neno la siri, mara nyingi 1234, ili antivairasi isichungulie. Ndani kuna maagizo: zima antivairasi kwanza. Ni kweli antivairasi wakati mwingine huisingizia kraki isiyo na kitu, ila wewe huna njia ya kujua ni ipi. Tazama na ukubwa. Kijiprogramu cha kutoa namba za laiseni hakina haja ya MB 700. Kimejazwa sifuri tupu ili VirusTotal, tovuti ya kukagua faili ambayo mwisho wake ni MB 650, isikipokee.

Kinachoingia hapo huwa kimya. Vairasi kama RedLine na Lumma hukomba maneno ya siri yaliyohifadhiwa kwenye brauza pamoja na vidakuzi (cookies), vile vijifaili vinavyoifanya tovuti ikukumbuke. Kidakuzi ndicho kibaya zaidi: mwizi akishakipata huingia kwenye akaunti ambayo tayari iko wazi, bila kuulizwa ile namba ya uthibitisho inayokuja kwa SMS. Fikiria kompyuta ya saiba mwezi Juni, watu wakiwasilisha ritani za kodi, akaunti za iTax za wateja zimejaa humo.

Umeshabofya? Chomoa intaneti. Shika simu, usitumie kompyuta hiyo, ubadilishe neno la siri la barua pepe kwanza, kisha uondoe kwenye akaunti vifaa vyote vilivyoingia, maana kidakuzi cha zamani huweza kubaki hai. Nakili picha na hati tu, faili za .exe ziache zife. Weka Windows upya kwa flashi ya GB 8 iliyoandaliwa kwenye kompyuta nyingine.

Kazi nyingi hazihitaji kraki hata kidogo. Barua na hesabu zinakwenda na LibreOffice, mabango na Inkscape. Wanaohariri video za harusi wana DaVinci Resolve ya bure, mradi mashine iwe na RAM ya GB 16. Chini ya hapo itakuwa inakwama kwama. Ipakue kwenye tovuti ya Blackmagic Design yenyewe.