Kumnyonyesha kichanga usiyemzaa

Nimefanya ukunga Tanga mpaka nikastaafu, na wanaoniuliza sana habari hii ni mashangazi na mabibi walioachiwa kichanga. Jamani, inawezekana. Chuchu ikinyonywa, ubongo hutoa prolaktini, homoni inayotengeneza maziwa, uwe umezaa au hujawahi kushika mimba. Aliyewahi kunyonyesha hupata upesi zaidi, basi.

Kwanza kapime VVU. Kabla ya majibu, mtoto asiwekwe ziwani.

Mnyonyeshe mara 8 hadi 12 kwa saa 24. Usiku usiruke, ndipo prolaktini inapopanda. Kama mtoto hajaletwa bado, kamua: kidole gumba juu, vingine chini, nyuma kidogo ya weusi wa chuchu, sukuma kuelekea kifuani kisha minya. Usivute chuchu, utajiumiza bure.

Kichanga mwenye njaa hana subira na ziwa tupu, atagoma. Kaombe hospitali mrija mwembamba wa kulishia watoto. Ncha moja ibandike kwa plasta sambamba na chuchu, nyingine itumbukize kwenye kikombe cha maziwa ya kopo. Akinyonya, avute vyote viwili pamoja. Ukiinua kikombe, maziwa yanakimbia. Ukikishusha yanakuja kidogokidogo, naye anakaza taya. Mimi napenda kiwe chini, ila asichoke akalala na njaa. Akishamaliza tu, pitisha maji ya moto na sabuni ndani ya mrija, usuuze kwa maji yaliyochemshwa.

Uji wa pilipili manga kunywa, ni mtamu, ila usiutegemee. Domperidoni, dawa inayotumika kuongeza maziwa, aandike daktari. Inaweza kuvuruga mapigo ya moyo, kwa hiyo usinunue kwa kuambiwa na jirani.

Matone huja baada ya siku kadhaa, au wiki kadhaa. Wengine hayawatoshi kumshibisha mtoto, wanaendelea na mrija, na mimi sioni aibu yoyote hapo. Yakishaanza kutoka, usikimbilie kuacha kopo. Punguza mililita 50 kwenye jumla ya siku, ngoja siku chache, nenda kliniki akapimwe. Aongeze walau gramu 125 kwa wiki, na alowanishe nepi 6 au zaidi kwa siku. Asipoongezeka, rudisha zile 50.

Kwa sisi Waislamu wa pwani, tunaofuata madhehebu ya Shafi, akishanyonya maziwa yako mara 5 kabla hajatimiza miaka miwili, huyo ni mwanao wa kunyonya. Waambieni watoto wa nyumbani mapema, wasije wakaposana.