Kuhudhuria Shauri kwa Simu, Hatua kwa Hatua

Hakimu akiita shauri lako akasikia kimya, hajui kama simu imekatika, umefunga sauti au hukuja kabisa. Anaweza kulisikiliza upande mmoja, au kulifuta kama wewe ndiye mdai. Katika kazi yangu ya uwakili nimeona watu wenye hoja nzuri wakiponzwa na kimya hicho, na inauma.

1. Soma wito. Mahakama nyingi hutaka uombe ruhusa ya kuhudhuria kwa simu, hasa siku ya ushahidi. Muulize karani: nipige mimi, au mtanipigia? Andika namba ya kupiga, namba ya kikao na namba ya shauri.

2. Wasilisha vielelezo mapema, upande wa pili nao wapate nakala. Kwa simu huwezi kumpa hakimu karatasi.

3. Jaza chaji na salio, kaa kwenye chumba tulivu. Usitumie spika ya simu, inarudisha mwangwi.

4. Piga dakika 15 kabla. Jitambulishe kwa karani, kisha funga sauti. Mifumo mingi hutumia nyota na 6 kufunga na kufungua. Hakikisha hilo kabla ya siku yenyewe. Simu nyingine ikiingia, usiipokee: ukiisubirisha mahakama, muziki wa kusubiri unaweza kusikika kwa wote.

5. Shauri likiitwa, fungua sauti, useme: "Mheshimiwa, naitwa fulani, mdaiwa, nipo." Hapa ndipo wengi huteleza. Kila unapoanza kusema, taja jina lako, maana hakuna anayekuona na kumbukumbu za shauri zinahitaji kujua nani kasema nini. Hesabu moja, mbili, ndipo ujibu. Simu huchelewesha sauti, na sauti mbili zikigongana zote hupotea. Kutikisa kichwa hakusikiki: sema "ndiyo" au "hapana". Hukusikia? Omba arudie. Usikubali jambo ambalo hukulisikia vizuri. Ukiwa shahidi, asiwepo mtu pembeni wa kukunong'oneza majibu.

Simu ikikatika, piga tena papo hapo, ueleze ulikoishia kusikia. Ikigoma, mpigie karani kabla hakimu hajahamia shauri lingine. Na usirekodi bila ruhusa. Mahakama nyingi huhesabu hilo kuwa kosa.

6. Kabla hujakata, rudia mbele ya hakimu amri uliyoisikia na tarehe ijayo, na uulize kama siku hiyo utapiga simu au utafika mwenyewe.