Namna ya Kuchora Jamaa za Mnorwei wa Zama za Kati

Mwalimu au mwanafunzi wa historia hapa Uganda anapoanza kusoma habari za Norwei ya Zama za Kati, kinachomtatiza kwanza ni watu wenyewe: wafalme wenye majina yanayofanana, ndugu wanaogombea kiti kimoja, na akina mama wanaotajwa mara moja kisha wakatoweka. Dawa yake ni kuchora. Hata hivyo mchoro tuliouzoea, ule unaoanza na babu mkuu juu ya ukurasa na kushuka kwa wana wa kiume hadi kwa walio hai, hautafaa, na ni vyema kujua sababu kabla ya kushika kalamu.

Katika Buganda mtoto huzaliwa ndani ya ukoo wa baba yake, na akizaliwa katika Ngeye au Mmamba hubaki humo maisha yake yote. Kabaka yeye huchukua ukoo wa mama. Ukoo wa namna hii hudumu hata watu wanapokufa, nao una mkuu wake, mwiko wake na ardhi yake. Wanorwei hawakuwa na chombo cha aina hiyo. Jamaa za mtu, walizoziita ætt, zilihesabiwa kuanzia kwa mtu mwenyewe, kuumeni na kukeni kwa pamoja, hivyo kwamba ndugu wa baba na mama mmoja walikuwa na jamaa zilezile, lakini baba na mwanawe hawakuwa nazo sawa, kwa kuwa mwana aliongezewa watu wote wa upande wa mama yake. Ndiyo maana ugomvi ulipozuka mtu aliweza kujikuta ana jamaa katika pande zote mbili, akalazimika kuchagua au kupatanisha.

Anza basi na mtu mmoja, umweke katikati ya karatasi. Napendekeza Magnus Eriksson, aliyezaliwa mwaka 1316 na kuwa mfalme wa Norwei mwaka 1319. Juu yake, upande mmoja, andika baba yake, mtawala mdogo wa Uswidi aitwaye Erik Magnusson. Upande wa pili andika mama yake, Ingebjørg, binti wa mfalme Håkon wa Tano wa Norwei. Endelea kupanda kila upande kwa usawa. Kuumeni utamfikia babu yake Magnus, mfalme wa Uswidi. Kukeni utapanda kwa Håkon wa Tano, kisha kwa baba yake Magnus Lagabøte, kisha kwa Håkon Håkonsson. Ukishamaliza utaona kwamba kiti cha Norwei kilimfikia mtoto huyu wa miaka mitatu kupitia kwa mwanamke, kwa sababu babu yake hakuacha mwana wa kiume. Anayechora kuumeni tu hatamwona kabisa katika historia ya Norwei.

Angalia pia jina lake. Eriksson lina maana ya mwana wa Erik tu, wala si jina la familia; mwanawe hangeitwa Eriksson bali Magnusson, na binti angeitwa Magnusdatter. Kwa hiyo usiwakusanye watu kwa jina la pili, maana wenye jina hilo moja wanaweza kuwa hawana uhusiano wowote. Jina la kwanza ndilo linalodokeza zaidi, kwa kuwa watoto walipewa mara nyingi majina ya wazee wao waliotangulia, na Magnus wetu ana Magnus kuumeni na kukeni pia.

Kuhesabiwa kwa pande zote mbili hakumaanishi kwamba pande hizo zilikuwa na uzito sawa. Sheria ya Gulating, iliyotumika magharibi mwa nchi na ambayo nakala yake kuu iliandikwa karibu na mwaka 1250, inaonyesha jambo hili katika dia, yaani malipo ya damu kwa jamaa za aliyeuawa. Muuaji alimlipa mwana wa marehemu. Ndugu wa muuaji akamlipa ndugu wa marehemu. Na mtoto wa ndugu wa baba akamlipa mwenzake wa upande wa pili. Baada ya hao ndipo waliohusiana kupitia wanawake walipopata mafungu madogo. Katika mchoro wako, piga mstari mnene kuumeni na mwembamba kukeni, lakini usiufute hata mmoja.

Kwa ndoa, hesabu ngazi kutoka kwa mzee ambaye wachumba wote wawili wametokana naye: ndugu ni ngazi ya kwanza, watoto wa ndugu ni ya pili, wajukuu wa ndugu ni ya tatu. Kanisa lilikataza ndoa hadi ngazi ya saba, mpaka mkutano wa Laterano wa mwaka 1215 ulipopunguza katazo hadi ngazi ya nne. Wazazi wa ubatizo nao walihesabiwa kuwa jamaa, kwa hiyo waandikie mstari wao wa nukta.

Watoto waliozaliwa nje ya ndoa wanahitaji uangalifu mkubwa kuliko wengine wote. Sheria ya Gulating inaeleza jinsi baba alivyoweza kumwingiza mtoto wa namna hiyo katika jamaa zake, na maelezo hayo ni ya kupendeza mno kuyapita haraka. Pombe ilipikwa, akachinjwa fahali wa miaka mitatu, ngozi ya mguu wake wa kulia ikachunwa na kushonwa kiatu, nacho kikawekwa karibu na pipa la pombe. Baba alikivaa kwanza, kisha mtoto aliyekuwa akiingizwa, kisha warithi, kisha jamaa wengine. Warithi walipotia mguu ndani ya kiatu kile walikubali mbele ya mashahidi kwamba mafungu yao yangepungua.

Kwa wana wa wafalme mambo yalikuwa mazito zaidi, kwa kuwa kwa muda mrefu mwana yeyote wa mfalme, wa ndoa au asiye wa ndoa, aliweza kudai kiti, na hii ni sababu mojawapo ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya mwaka 1130 hadi 1240. Mwaka 1218 huko Bergen, Inga wa Varteig alibeba chuma cha moto kuthibitisha kwamba mwanawe, Håkon Håkonsson, alikuwa damu ya mfalme. Mkono wake ulihukumiwa kuwa safi, naye mwana akaendelea kutawala hadi 1263. Unapomchora, andika uthibitisho huo pembeni ya mstari.

Mwisho, andika mwaka juu ya kila mchoro, kwa sababu uzito wa jamaa ulibadilika. Mwaka 1260 Håkon Håkonsson aliwaondolea jamaa wa muuaji mzigo wa dia. Sheria ya nchi nzima ya Magnus Lagabøte, ya mwaka 1274, ilimpa binti nusu ya fungu la kaka yake, ingawa zamani wana walimtangulia kabisa. Sheria hiyohiyo iliweka miaka 60 ya kumiliki shamba kuwa kipimo cha haki ya odel, yaani haki ya jamaa kuuziwa kwanza, au kulikomboa shamba lililokwisha uzwa kwa mgeni. Ukichora familia ya wakulima baada ya mwaka huo, andika jina la shamba kando ya kila aliyelimiliki, na mabinti uwaweke kwenye mstari mmoja na kaka zao.