Gemu moja, madirisha mawili: BlueStacks kwenye laptopu ya kawaida

Mwongozo huu ni wa mwenye laptopu ya Windows, ya kawaida tu, anayetaka gemu moja ya simu ifunguke mara mbili kwa wakati mmoja, kila dirisha na akaunti yake. Tutatumia BlueStacks, ambayo ni emuleta, yaani programu inayofungua gemu za simu ndani ya kompyuta. Vijana wanaonifuata na shida hii hapa Chikongola, Mtwara, na wengine wanaonipigia kutoka Lindi mjini, karibu wote huanza kwa kuomba wapigiwe Windows upya. Mara nyingi dawa haiko huko. Iko kwenye hatua ya 3, ndiyo maana nimeiandika kwa kirefu kuliko nyingine.

Hatua ya 1: Hakikisha gemu yenyewe inaruhusu

Soma masharti ya gemu yako kabla ya kupakua chochote. Zipo zinazokubali mtu awe na akaunti mbili, zipo zinazofungia zote mbili. Kinachochukiwa zaidi ni programu inayopeleka mbofyo mmoja kwenye akaunti zote kwa pamoja. EVE Online ilikataza hilo kuanzia Januari 2015, na Blizzard ikafuata kwenye World of Warcraft mwishoni mwa 2020, ingawa kufungua akaunti zaidi ya moja kwenye gemu hizo kunaruhusiwa. BlueStacks nayo ina kitufe cha kulinganisha madirisha ili yafanye kitu kimoja. Usikiguse.

Angalia pia aina ya gemu. Kibodi inasikiliza dirisha moja tu, lile ulilolibofya mwisho. Gemu za kujenga, kulima na kupanga mikakati zinafaa sana, maana unaacha huku kunajengwa unahamia kule. Za kupigana risasi hazifai, na PUBG Mobile inawapanga wachezaji wa emuleta peke yao hata kama una dirisha moja.

Hatua ya 2: Pima mashine

Unahitaji RAM (kumbukumbu ya kufanyia kazi) ya GB 8 na SSD, yaani diski ya kasi isiyozunguka. Ukiwa na GB 4, dirisha moja litatembea na la pili litagandisha vyote. Kabla ya kununua RAM, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kufungua Task Manager, ingia Performance, kisha Memory. Hapo utaona nafasi ngapi zimetumika. Jua pia kama RAM yako ni aina ya DDR3 au DDR4, haziingiliani. Kama bado una diski ya kuzunguka, anza na SSD. Hilo silibishanii na mtu.

Hatua ya 3: Washa virtualaizesheni

Emuleta ni simu nzima inayoishi ndani ya kompyuta. Prosesa ina uwezo maalumu wa kuibeba simu hiyo: kwa Intel unaitwa VT-x, kwa AMD ni AMD-V. Uwezo huo ukiwa umezimwa, dirisha moja linaweza kwenda kwa kusuasua, lakini mawili ni mateso. Feni inalia, gemu inakatika, na mwenye mashine anaamini imechoka.

"Fundi, we nipigie Windows tu, nina haraka."

"Subiri kwanza, mdogo wangu. Tuangalie mstari mmoja."

Mstari wenyewe uko kwenye Task Manager ileile. Ingia Performance, kisha CPU, tazama chini upande wa kulia palipoandikwa Virtualization. Ukikuta Enabled, ruka aya tatu zinazofuata. Ukikuta Disabled, tatizo lako limeonekana.

Uwezo huu unawashwa kwenye BIOS, mipangilio ya mashine inayofunguka kabla ya Windows. Kabla hujaigusa, angalia kama diski imefungwa kwa BitLocker, kufuli la Windows la kulinda mafaili. Kwenye Windows 11 hujiwasha mara nyingi bila mtu kuambiwa. Ukibadilisha mambo ya BIOS, kompyuta inaweza kuwaka na kudai ufunguo wa tarakimu 48. Kama mashine ni yako tangu mwanzo, ufunguo huwa kwenye akaunti yako ya Microsoft. Kama ni ya mtumba, huenda uko kwenye akaunti ya mtu usiyemjua, na hapo picha na kazi zako zote zimefungiwa ndani. Kwa hiyo nenda Control Panel, BitLocker, uisimamishe kwa muda kwa kuchagua Suspend protection. Kwenye Windows Home chaguo hilo halipo, kwa hiyo zima Device encryption kwenye Settings. Usiendelee kabla ya hapo.

Sasa zima kabisa, washa, na papo hapo gongagonga kitufe cha BIOS: F10 kwa HP, F2 kwa Dell, F1 kwa Lenovo ThinkPad, F2 kwa Lenovo nyingi nyingine. Tafuta neno Virtualization Technology, VT-x au SVM. Kwenye HP za ofisini huwa limefichwa chini ya System Configuration au Advanced, na za zamani zaidi liko chini ya Security. Liwashe, hifadhi kwa F10, toka. Baadhi ya HP zitakuonyesha tarakimu nne na kukutaka uziandike kuthibitisha. Ziandike, ndiyo kawaida yake. Kisha zima mashine kabisa na uiache kidogo kabla ya kuiwasha, maana kuna zinazokataa kushika badiliko mpaka umeme utoke.

Kikwazo kibaya kuliko vyote ni BIOS yenye nenosiri. Laptopu nyingi za mtumba zilikuwa za maofisi ya nje, na fundi wa ofisi alifunga BIOS. Msimu wa korosho ukishika kasi na pesa zikaingia, laptopu hizi zinanunuliwa kwa wingi, nyingine zinapelekwa mpaka Tandahimba na Newala, na hakuna anayeuliza habari ya BIOS. Nakusihi, kabla hujatoa hela mwambie muuzaji akuingizie BIOS mbele yako. Ikidai nenosiri na yeye hana, iache.

Ukishawasha, rudi Task Manager uhakikishe imesoma Enabled. Hapo ndipo unaweza kukutana na mzigo wa pili: Hyper-V. Hii ni sehemu ya Windows inayoutumia uwezo uleule. BlueStacks 5 za sasa zinaweza kuishi nayo, lakini kwenye prosesa dhaifu utaona uzito. Andika msinfo32 kwenye sehemu ya kutafutia. Mstari wa mwisho ukisema hypervisor imegunduliwa, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika

bcdedit /set hypervisorlaunchtype off

kisha washa upya. Ukitaka kurudisha, badala ya off weka auto. Kama mstari ule bado upo, nenda Windows Security, Device security, Core isolation, uone kama Memory integrity imewashwa. Kuizima kunasaidia kasi, ila unapunguza ulinzi dhidi ya virusi, na mimi siizimi kwenye mashine inayotumika kwa benki au kazi ya ofisi. Pia kama unasoma programu pale chuoni na unatumia Docker au WSL2, hivyo vitagoma mpaka urudishe auto. Wewe ndiye utakayeamua kipi kikae.

Hatua ya 4: Weka BlueStacks 5

Ichukue kwenye tovuti yao wenyewe, si kwenye flashi ya rafiki wala Telegram.

Hatua ya 5: Nakili kabla ya kuingia akaunti

Hapa ndipo bando linapookolewa. Fungua dirisha la kwanza, pakua gemu, iache imalize na yale mafaili ya ziada inayodai ikifunguka. Usiingie akaunti ya gemu. Funga dirisha. Fungua Multi-instance Manager, bonyeza kitufe cha kuongeza, na uchague Clone, si Fresh. Fresh inakupa simu tupu, maana yake utapakua gemu upya, na gemu ya GB 2 kwa bando la simu si mchezo. Clone inakili kila kitu kilichopo, ndiyo maana nasema usiwe umeingia akaunti: ukinakili baada ya kuingia, madirisha yote mawili yatafunguka na mchezaji mmoja na yatakuwa yanatoana.

Ukiambiwa uchague toleo, Nougat 32 ndilo jepesi. Nenda Pie 64 au Android 11 pale tu gemu inapokataa.

Hatua ya 6: Gawa nguvu

Kwenye Settings za kila dirisha la BlueStacks weka: kori 2 za prosesa, RAM ya GB 2, ukubwa wa 960 kwa 540, picha 30 kwa sekunde. Skrini ikiwa nyeusi, badilisha OpenGL kwenda DirectX au kinyume chake. Zima sauti ya dirisha moja.

Kwenye mtandao, kama unatumia hotspoti ya simu, ingia mipangilio ya Wi-Fi hiyo na uwashe Metered connection. Bila hivyo Windows itaanza kupakua masasisho yake katikati ya mchezo.

Washa dirisha la kwanza, ngoja gemu ifike ndani, ndipo uwashe la pili. Ukimaliza funga moja moja kwa alama ya X ya kila dirisha, usifunike tu laptopu. Na kama betri yako haikai na chaji, usicheze siku ambayo umeme unakatikakatika: simu ya ndani ikizimwa ghafla mafaili yake yanaweza kuharibika, na utapakua gemu upya.