Kabla Hujaigusa x: Maandalizi ya Milinganyo Yenye Sehemu

Kwenye karatasi ya hisabati ya PLE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi Uganda, kikokotoo hakiruhusiwi, kwa hiyo jedwali la kuzidisha hadi 12 liwe kichwani mwa mtoto kabla ya kitu kingine chochote. Bila hilo hawezi kupata upesi kigawe kidogo cha shirika, yaani KDS, na mlinganyo wenye sehemu hufunguliwa kwa KDS.

Anza kwa kutazama asili, zile namba za chini. Katika x/3 + x/4 = 14, asili ni 3 na 4, KDS ni 12. Zidisha kila kipande kwa 12: 4x + 3x = 168, kisha 7x = 168, hivyo x = 24. Ukitumia 24 kama kigawe badala ya 12 utafika vilevile, ila kwa namba kubwa zaidi. Ukikuta sehemu mchanganyiko, igeuze mapema: 1½ iwe 3/2.

Neno "kila" lishikwe sana. Chukua x/3 + 2 = 7. Ukizidisha kwa 3 unapata x + 6 = 21, na x ni 15. Anayeiacha ile 2 ilivyo huandika x + 2 = 21, akapata 19. Namba isiyo na asili inayoonekana ni 2/1, nayo lazima izidishwe.

Hatari kubwa zaidi ni alama ya kutoa iliyo mbele ya sehemu yenye vipande viwili juu. Mstari wa sehemu hufanya kazi ya mabano, kwa hiyo yaandike mabano hayo kabla ya kuzidisha. Kwa (x + 1)/2 − (x − 2)/3 = 3, KDS ni 6:

3(x + 1) − 2(x − 2) = 18
3x + 3 − 2x + 4 = 18
x + 7 = 18
x = 11

Angalia ile +4: −2 mara −2 ni chanya. Anayeandika −4 hupata 19, jibu ambalo halikubali kurudi kwenye mlinganyo. Jibu la 11 linarudi: 12/2 ni 6, 9/3 ni 3, na 6 − 3 ni 3. Hatua zote ziandikwe kwa peni; penseli ni ya michoro tu.

Maswali ya maneno yasomwe mara mbili, hasa penye "zilizobaki". Mama alitumia theluthi ya pesa zake kununua matoke, robo ya zilizobaki kununua sukari, akabaki na shilingi 15,000. Alikuwa na ngapi? Baada ya matoke zilibaki 2/3. Robo yake ni 1/6. 2/3 − 1/6 ni 1/2. Basi, x ikiwa pesa zote, nusu ya x ni 15,000, na x ni 30,000. Anayejumlisha 1/3 na 1/4 moja kwa moja hupata 7/12, akaona zimebaki 5x/12 = 15,000, na x = 36,000, namba nzima inayopendeza kabisa. Hapa kuhakiki kwa mlinganyo wake mwenyewe hakumsaidii, kwa sababu mlinganyo wenyewe ndio wenye kosa. Ahakiki kwa maneno ya swali: theluthi ya 36,000 ni 12,000, zinabaki 24,000; robo yake ni 6,000, zinabaki 18,000. Swali lilisema 15,000.